Wanawake Kumi na Wawili Ambao Hawakucheza

Bi Zamda binti Haruna alipewa kanga mbili na aibu moja, na vyote vitatu alikabidhiwa mbele ya umati.

Waandaaji wa maonyesho walimfuata nyumbani kwake Buguruni kwa gari lenye kiyoyozi, wakampandisha ngazi za ukumbi wakimshika kwapani kana kwamba angevunjika, wakamketisha safu ya mbele pamoja na mjukuu wake Ummy. Mshereheshaji, kijana aliyebanwa na suti, akatangaza kwamba miongoni mwa wageni wa maonyesho haya ya kumbukumbu ya uhuru yumo "msanii wetu mkongwe, aliyewahi kumtumbuiza Gavana." Watu wakapiga makofi. Bi Zamda ana miaka themanini na sita na masikio yake bado mazima, lakini alidhani anatajwa mtu mwingine. Akageuka nyuma kumtafuta.

Hapo pazia likavutwa. Ukutani ilitokea picha kubwa kama ukuta wa chumba: wanawake kumi na wawili wamesimama juu ya benchi refu, wamevaa sare ya kanga moja, shingo wima, mikono imekutana mbele ya kitovu. Wa tatu kutoka kushoto alikuwa yeye, akiwa na miaka kumi na minane. Chini ya picha paliandikwa kwa herufi nene: *Wanawake wa Kariakoo wakimtumbuiza Gavana kwa ngoma ya lelemama.*

Bi Zamda alijifunza kusoma utu uzimani, katika darasa la kisomo, na husoma polepole. Alisoma mara mbili. Kisha akamgusa Ummy begani.

"Nisomee, mjukuu wangu. Naona macho yananidanganya."

Ummy, ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi, akasoma kwa sauti ya chini. "Hayakudanganyi, Bibi. Ndivyo walivyoandika."

Wakati huohuo mshereheshaji alikuwa amekwisha kumvika zile kanga mbili mabegani. Bi Zamda akazivua. Akazikunja vizuri, kwa kuwa kanga hazikuwa na kosa, akaziweka juu ya meza ya kijana yule.

"Mpe aliyecheza," akasema.

Mshereheshaji akacheka ndani ya kipaza sauti. "Bibi zetu hawa kwa vituko!" Na ukumbi mzima, mabibi kwa mabwana waliokuja kuheshimu uhuru, ukaangua kicheko.

Ili mtu auone uchafu wa maneno yale tisa, ni lazima kwanza aijue Kariakoo ya miaka ile na ngoma yenyewe.

Zamda alizaliwa Mtaa wa Narung'ombe, katika nyumba ya udongo ya vyumba sita iliyoezekwa kwa madebe. Baba yake, Haruna, alikuwa seremala. Mama yake alichoma vitumbua na alikuwa mwanachama wa Safina, kimoja cha vyama vya lelemama vya wanawake wa mjini. Mama alipofariki, Zamda alirithi nafasi yake juu ya benchi, kama vile binti mwingine angerithi bangili. Kiongozi wao alikuwa Bi Chausiku binti Mfaume, mwanamke mnene mwenye sauti ya chini kiasi kwamba watu walilazimika kunyamaza ili wamsikie, na akishawanyamazisha hakuwapa nafasi ya kuanza tena.

Lelemama si ngoma ya kurukaruka. Wanawake hupanda benchi, wakasimama mstari mmoja, mikono imekutana mbele. Zumari ikianza kulia na ngoma kuitikia, viganja na shingo husogea, kidogo tu, vyote kwa pamoja. Uzuri wake wote umo katika kujizuia. Asiyeijua anaweza kutazama dakika nzima kabla ya kutambua kwamba ngoma imeanza. Jambo hilo Bi Chausiku alilijua vizuri. Hakujua tu kwamba miaka zaidi ya sitini baadaye lingekuja kutumiwa dhidi yake.

Katika miaka ile ya mwanzo ya TANU, serikali ya mkoloni ilitawala hata midomo. Mkutano ulihitaji kibali. Ngoma nayo ilihitaji kibali, na wanawake wa Safina walizoea kukisubiri wiki mbili, wameketi kwenye sakafu ya baraza bomani, wakirukwa na makarani kama magunia. Chama cha kudai uhuru kilipoomba kibali cha mkutano, kilinyimwa. Kikaomba tena, kikanyimwa. Ndipo asubuhi moja kibali cha ngoma, ambacho hakuna aliyekiomba, kikaja chenyewe mlangoni kwa Bi Chausiku. Aliyekileta alikuwa Abdulmalik, tarishi wa ofisi ya Liwali, amevaa koti la kaki lenye vifungo vya shaba. Abdulmalik huyo alikuwa mume wa Zamda, na ndoa yao ilikuwa haijatimiza mwaka.

"Bi Chausiku, Gavana anapita Jumamosi," alisema. "Liwali anataka vyama vyote vinane vipangwe barabarani. Nyinyi Safina mtakuwa mbele ya soko."

"Mwambie tutafika."

"Na mcheze vizuri, tafadhali. Mimi mke wangu yumo."

"Mkeo tutamtunza kuliko unavyomtunza wewe."

Siku mbili baadaye wanawake walikusanyika uani kuchambua mchele wa arusi ya jirani, na hapo ndipo mambo yalipopangwa, juu ya masinia. Polisi hawakuwahi kuhisi kwamba uasi unaweza kupangwa na watu wanaotoa mawe kwenye mchele.

"Kusema tumekatazwa," alisema Bi Chausiku. "Kucheza tumeamriwa. Basi kilichobaki mikononi mwetu ni kutokucheza."

"Si tusiende kabisa?" aliuliza Zamda.

"Usipokwenda watasema unaumwa. Nenda. Vaa sare, jifukize udi, paka wanja, panda benchi. Halafu usitikise hata kope. Hapo Mzungu hataweza kujidanganya."

Neno likatoka ua ule kwenda ua mwingine, kwa vyama vyote vinane, kutoka arusi moja hadi nyingine. Likawafikia wapiga ngoma, mafundi cherehani wa barazani, wachukuzi wa sokoni na makuli wa bandarini. Hakuna jiwe lililookotwa, hakuna karatasi iliyoandikwa.

Jumamosi barabara ilijaa maelfu ya watu, pande zote mbili. Msafara wa Gavana ulipokata kona, hakuna aliyeshangilia. Hakuna aliyezomea pia. Kuzomea kungewapa askari sababu. Vyama vinane vilisimama juu ya mabenchi yao, wanawake wamependeza kama siku ya Idi, na hakuna kiganja kilichosogea. Miguuni mwa Safina, ngoma tatu zilikuwa zimelazwa kifudifudi, ngozi imeelekea mchangani, na wapigaji wake wameketi nyuma wamefumbata mikono. Kilichosikika ni injini za magari na vitambaa vya bendera vikipigwa na upepo.

Liwali alitembea mbele ya benchi akijifuta shingo. "Chezeni!" alinong'ona kwa hasira. "Chezeni, wanawake msio na adabu! Mnanidhalilisha!"

Bi Chausiku alimtazama kama mtu anayetazama mvua.

Pembeni mwa Zamda alisimama mwanamke aitwaye Tatu, mtu wa mzaha hata msibani. Bila kufungua midomo, Tatu akasema, "Zamda, inzi kanitua puani."

"Muache, naye kaja kumwona Gavana."

Mpaka leo Bi Zamda akikumbuka hapo hucheka hadi machozi. Anasema jambo gumu kuliko yote siku ile halikuwa kumwogopa Liwali. Lilikuwa kuzuia kicheko wakati yule Mzungu mwenye kamera alipopiga magoti mbele yao, akapiga picha, akainuka, akasema "asante sana."

Jumatatu, malipo yakaanza. Kibali cha Safina kikafutwa. Wanawake kumi na wawili wakapelekwa bomani, wakang'oeshwa majani ya uwanja kwa mikono siku mbili mfululizo, huku makarani wakiwatazama dirishani. Abdulmalik akaambiwa na Liwali amlete mkewe, apige magoti na kuomba radhi, la sivyo avue koti.

"Nenda kaombe radhi, yaishe," alimwambia Zamda walipofika nyumbani.

"Kwa kosa lipi? Kusimama?"

"Kwa kunifanya nionekane mjinga mbele ya wakubwa zangu!"

"Hilo walikuwa wakiliona kila siku, mume wangu. Mimi sikuongeza kitu."

Abdulmalik alimwita shahidi siku ileile, akampa talaka. Koti lake alibaki nalo. Zamda alirudi kwa baba yake Narung'ombe akiwa na mimba ya miezi mitatu, na binti aliyezaliwa ndiye aliyekuja kuwa mama yake Ummy.

Uhuru ulipokuja, hakuna aliyemtafuta, wala yeye hakumtafuta mtu. Alichoma vitumbua kama mama yake. Baadaye aliuza mitumba Mchikichini kwa miaka thelathini, mashati ya watoto, akifungua mzigo alfajiri na kugombania nguo nzuri na wanawake wenye nguvu kumzidi. Nyumba ya Narung'ombe iligawanywa na ndugu, ikauzwa, na leo pale pamesimama ghorofa saba za maduka ya jumla. Yeye akahamia chumba kimoja Buguruni. Hakuwahi kudai nishani wala kiti cha mbele. Katika maisha yote hayo alikuwa na kitu kimoja tu ambacho hakuna ndugu aliyekigawa, nacho ni Jumamosi ile. Wenzake kumi na mmoja wamekwisha kufa. Akiondoka yeye, hakutabaki mtu wa kusema ilikuwaje, isipokuwa ule ukuta wenye maneno tisa.

Ndiyo maana Alhamisi iliyofuata, baada ya usiku kadhaa wa kukosa usingizi, alimwambia Ummy aombe ruhusa shuleni, wakaenda mjini kwenye ofisi ya kamati ya maonyesho.

Walisubiri saa mbili na nusu kwenye benchi la koridoni. Hatimaye waliingizwa kwa mratibu, bwana aitwaye Wilbert, mtu nadhifu, mpole wa sura, mwenye chupa ya maji baridi ambayo hakumkaribisha mgeni wake.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kwa ajili ya picha."

"Ahaa, unataka nakala! Hilo dogo. Tutakuwekea na fremu kabisa."

"Sitaki nakala. Nataka mfute maneno yaliyo chini yake. Hatukucheza siku ile. Tulikataa kucheza."

Wilbert alitabasamu kama daktari anayemsikiliza mtoto mwenye homa. "Bibi, maelezo yale yameandaliwa na wataalamu."

"Hao wataalamu siku hiyo walikuwa na umri gani?"

Ummy alikohoa ili asicheke. Mratibu akafungua jalada. "Sisi hatukutunga, mama. Nyuma ya picha halisi, wenyewe Waingereza waliandika kwa mkono kwamba wanawake wanacheza kumkaribisha Gavana. Tumetafsiri tu. Kitaalamu, hicho ndicho chanzo cha awali."

Na aone kila mwenye macho! Mpiga picha wa Gavana aliandika alichotumwa kuandika, kwa kuwa asingethubutu kumpelekea bwana wake picha ya umma unaomkataa. Huyo angalau alikuwa analinda mkate wake. Lakini watu waliozaliwa huru, wakasomeshwa na nchi huru, wakaketi kwenye ofisi ya kuutunza uhuru huo, wamechukua uongo wa mtumishi wa Gavana, wakautafsiri kwa Kiswahili safi, wakautundika ukutani. Kisha shahidi aliye hai anapanda ngazi zao kwa magoti yanayouma, wanamwambia yeye si chanzo.

"Basi tuonyesheni picha nzima," alisema Ummy. "Ile ya ukumbini imekatwa chini. Bibi anasema miguuni kulikuwa na ngoma."

Wilbert hakuona ubaya. Akageuza kompyuta, akaifungua picha nzima, na kwa mara ya kwanza tangu ujana wake Bi Zamda akaiona ardhi aliyosimama siku ile. Ngoma tatu, kifudifudi mchangani. Nyuma yake wapigaji watatu, mikono imefumbatwa.

"Mlikata kwa nini?" aliuliza.

"Ni mambo ya mpangilio, bibi. Hizo ngoma zilikaa vibaya, zilikuwa zinaharibu mvuto."

Bi Zamda alisogeza kiti. "Sikiliza, mwanangu. Ngoma ile imewambwa ngozi ya mbuzi. Kabla ya kucheza huanikwa juani au huoteshwa moto ili ikaze. Ukiilaza ngozi chini mchangani, inanyonya unyevu, inalegea, haifai. Mpigaji mwenye akili zake hawezi kufanya hivyo kama ana nia ya kupiga. Sisi Safina tuliilaza hivyo kwa jambo moja tu, msiba wa kiongozi. Haya, niambie, hapo nani amekufa?"

Wilbert alitazama picha, akamtazama bibi, akatazama saa. Kwa muda mfupi ilionekana kana kwamba ameelewa, na hilo ndilo linalochukiza zaidi, kwa sababu aliyeelewa akanyamaza ni mbaya kuliko asiyejua.

"Hiyo ni simulizi," alisema hatimaye. "Ni nzuri sana, lakini simulizi si ushahidi. Halafu mabango yamekwisha kuchapwa. Tarehe kumi mwezi ujao maonyesho yanaanza kuzunguka mashuleni, mikoa yote. Hatuwezi kurudi nyuma kwa ajili ya neno moja."

"Mashuleni?" Ummy alishtuka. "Kwa hiyo nitasimama mbele ya darasa langu, niwasomee watoto kwamba bibi yangu alimchezea Gavana?"

"Mwalimu, usilifanye kubwa. Wangapi wanajua tofauti? Na kusema kweli wamependeza mno. Bibi, sisi tunakupenda. Tulikuwa tunafikiria kukuandalia cheti cha msanii mkongwe, upande tena jukwaani."

"Nilipewa talaka kwa kutokucheza," alisema Bi Zamda. "Leo wewe unanipa cheti kwa kucheza?"

Alikusanya mate mdomoni. Akaitazama sakafu, akaona ilikuwa imedekiwa asubuhi ile na mwanamke mwingine, akayameza. Akainuka bila kuaga.

Nje, kwenye kivuli cha ukuta, alimwambia Ummy atoe kalamu. Barua ilikuwa fupi: ilieleza Jumamosi ile, ngoma zilizolazwa, majani ya bomani. Kisha akaanza kutaja majina ya waliosimama, kutoka kushoto: Bi Chausiku binti Mfaume, Tatu wa Mtaa wa Mafia, yeye mwenyewe, Mwanahawa mke wa Sadalla fundi... Alifika kumi na moja bila kusita. La kumi na mbili likakataa kuja. Alimkumbuka mwenyewe: mwembamba, mwenye mwanya, akikaa Mtaa wa Sikukuu, alikuwa akinyonyesha na maziwa yalimtoka akalowesha sare akiwa amesimama palepale, asijifute. Uso wote ulikuwepo. Jina halikuwepo.

Ni hapo tu, katika safari yote hii, Bi Zamda alipolia. Si Liwali aliyemliza, wala talaka, wala kicheko cha ukumbini. Alilia kwa kuwa mwanamke yule alisimama wima na maziwa yake yakichuruzika, na sasa hata shahidi wa mwisho ameanza kumpoteza.

"Andika hivyohivyo," alisema akijifuta kwa ncha ya kanga. "Andika: na mama aliyekuwa akinyonyesha, wa Mtaa wa Sikukuu. Atakayemjua atasema."

Barua ilipokelewa, ikagongwa muhuri. Leo ni wiki ya tatu. Ummy amepiga simu mara tano, mara mbili aliambiwa mratibu yuko kikaoni, mara mbili yuko safarini, na mara ya tano binti wa mapokezi, bila kuficha kicheko, aliuliza, "Wewe ndiye wa yule bibi wa ngoma?" Mabango yamepangwa kwenye stoo, tayari kupakiwa. Bi Zamda ana presha, miguu inavimba, na kila siku anamuuliza mjukuu wake kama wamejibu.

Basi, nyinyi wanakamati, na wewe mratibu Wilbert, msiseme hamkuambiwa. Hamwombwi fadhila wala sherehe nyingine, na hicho cheti bakini nacho. Mnatakiwa, kabla ya tarehe kumi, kulitoa neno "wakimtumbuiza" chini ya picha ile, na kuandika kwamba wanawake hawa waliamriwa kucheza, wakakataa. Rudisheni sehemu ya picha mliyoikata. Andikeni majina kumi na moja, na muulize mtaa kwa mtaa, hapo Kariakoo penu, mpaka mlipate la kumi na mbili. Mkishindwa kufanya haya, msiondoe hata bango moja Dar es Salaam kulipeleka kwa watoto wa watu. Na mwenye ofisi asitume dereva. Aende mwenyewe Buguruni, avue viatu mlangoni kwa Bi Zamda binti Haruna, amwambie kwa mdomo wake kwamba walikosea. Bado yu hai. Nendeni wiki hii.